Sauti Nzito Chini ya Uso wa Mama Mdogo

Sauti iliyomtia mama mdogo hatiani ilikuwa ya friji. Friji lenyewe lilikuwa la jikoni kwa Filimbi, kuukuu, la mlango unaoegemezwa kiti ili usifunguke, na kutwa kucha lilinguruma kama mzee anayetafuta la kulalamikia. Siku moja mkewe alipokuwa kazini, Filimbi alilitegea kinasa sauti, akauchukua ule mngurumo, akauingiza kwenye kompyuta, akauvuta ukarefuka, akaushusha chini, halafu chini tena, mpaka ukaacha kuwa friji ukawa kitu kinachokuja kutoka nyuma ya ukuta na kisicho na nia njema. Akauhifadhi pamoja na sauti zake nyingine, akauita Mzito, kisha akaenda kunywa chai. Wakati ule hakuwa na ugomvi na mtu.

Jina la Filimbi alipewa utotoni, kwa wembamba wake na kwa tabia ya kupuliza kila chenye tundu: vifuniko vya kalamu, funguo, hata mdomo wa birika. Wenye akili walitabiri kwamba ataacha akikua. Hakuacha, alitafuta tu njia ya kuiita kazi. Akawa mtunzi wa muziki wa filamu, na si filamu za kampuni zenye mabango barabarani, bali zile zinazoitwa filamu huru, yaani zile ambazo mtu huzitengeneza bila kuombwa na yeyote. Katika filamu hizo mwongozaji ndiye mwandishi, ndiye dereva, na mpishi ni dada yake aliyedanganywa kwamba ni kwa wiki moja.

Chumba chake cha kazi kilikuwa stoo. Godoro la zamani lilisimamishwa ukutani ili sauti isidunde, kinanda kikalazwa juu ya mbao mbili, spika zikawekwa mahali palipokuwa na magunia. Humo Filimbi alishinda akitazama watu wasiomjua wakilia, wakipendana na kufa, akiwatilia muziki chini yao kama mtu anayewatilia wengine mito wakiwa wamelala. Mkewe, mwalimu wa hesabu, alikuwa na jibu lake wageni walipouliza mumewe anafanya nini.

"Anahuzunisha watu," alisema. "Wakati mwingine anawatisha. Inategemea na wiki."

Mwongozaji aliyefanya naye kazi zaidi aliitwa Chifu, si kwa kuwa alitawala chochote, bali kwa kuwa yeye mwenyewe humwita kila mtu chifu, mama mkwe wake akiwamo. Chifu alikuwa na mazoea yaliyo ya waongozaji wengi. Kabla hajampa mtunzi picha, huzipachika muziki wa watu wengine, wa kushikizia tu kama pini kwenye gauni lisiloshonwa, kisha akausikiliza huo wa kushikizia mpaka akaupenda kuliko wowote utakaokuja. "Nataka kama huu," angesema, "lakini usiwe huu." Filimbi aliishi maisha yake yote ya kazi katika uchochoro ulio kati ya *kama* na *usiwe*, na alikuwa ameuzoea.

Filamu iliyoleta yote haya ilihusu moto. Ukumbi wa kikundi cha mafundi cherehani, wote wanawake, uliungua jioni moja muda mfupi baada ya kufungwa. Hakufa mtu. Viliteketea vyerehani, vitambaa vya wateja, na gauni la bibi harusi mmoja aliyelazimika kuolewa akiwa amevaa la kuazima na ambaye hajasamehe mpaka leo, ingawa mume ni yuleyule. Wakaguzi walikuja, wakapiga picha majivu, wakaandika kwamba chanzo ni hitilafu ya umeme. Tatizo la hitilafu ya umeme ni kwamba imesababisha mioto mingi mno. Mtu akisoma maneno hayo husoma "hatujui" iliyofungwa tai. Kwa hiyo swali likabaki mitaani, na Chifu, anayenusa maswali yaliyobaki kama paka anavyonusa samaki, akachukua kamera.

Wa mwisho kutoka ukumbini siku ile alikuwa mama mdogo wa Filimbi. Ndiye mdogo wa mwisho wa marehemu mama yake, na ndiye aliyemlea tangu akiwa hajang'oa jino la kwanza. Alimpeleka shule, alimficha alipovunja kioo cha jirani, na alivumilia filimbi za vifuniko vya kalamu kwa uvumilivu ambao mkewe Filimbi huuita utakatifu. Katika kikundi, kazi yake ilikuwa kupiga pasi nguo zilizokamilika na kufunga. Alipoulizwa juu ya siku ile alijibu kila mara kwa mpangilio uleule, kama mtu anayekunja shuka: "Nilizima pasi, nikachomoa waya, nikafunga dirisha, nikafunga mlango." Na kila mtu aliridhika, kwa kuwa alikuwa mtu wa namna hiyo. Hata kopo lake la vifungo lilipangwa kwa rangi.

Chifu alipomwomba mahojiano hakusita. Kinyume chake, alisuka nywele upya.

"Mwanangu ndiye anayetia muziki," aliwaambia wenzake. "Sasa mtatuona."

Walimwona.

Katikati ya filamu kuna kipande ambacho sauti ya Chifu, nyuma ya kamera, inauliza: "Mama, ile pasi ulizima?" Mama mdogo anafungua kinywa. Kisha anakifunga. Midomo inabanana, macho yanatoka kwenye kamera yanakwenda dirishani, yanakaa huko, yanatambaa taratibu upande hadi upande, na chumba chote kimya. Halafu anarudi, anamtazama Chifu usoni, anasema: "Nilizima."

Picha zilimfikia Filimbi hivyo, na kile kimya kikiwa safi kama sahani.

"Chifu, hapa pamelala," alisema Chifu, akiwa amesimama mlangoni mwa stoo kwa kuwa ndani hapakuwa na nafasi ya watu wawili wenye mawazo. "Hapa ndipo watu watatoa simu mfukoni. Nipe kitu. Usinieleze ni kitu gani, nipe tu."

Filimbi alijaribu kinanda, kikawa kama kanisa. Akajaribu nyuzi, zikawa kama tangazo la bima. Kisha akamkumbuka Mzito. Alimlaza pale mama mdogo anapofunga mdomo, akampandisha polepole macho yanapokwenda dirishani, akamkata ghafla, kama kwa kisu, kabla ya neno "nilizima". Akatazama. Vinyweleo vya mikono vikasimama.

Ilikuwa kazi nzuri. Hilo ndilo lililomtafuna baadaye, kwamba haikuwa kazi ya kulipua. Angekuwa mzembe kidogo tu, mama mdogo angesalimika.

Na kulikuwa na la pili, ambalo hakumwambia mtu. Alipotazama kile kipande na sauti yake chini, aliona uso wa mwanamke anayeficha jambo. Aliurudia mara nyingi, kikazi, kurekebisha hapa na pale, na kila alipourudia uso ule ulificha zaidi. Mwishowe akajisikia akisema moyoni: kumbe. Mtu aliyepika gongo mwenyewe, akijua kila alichotia chunguni, akainywa, bado itamlevya. Tangu juma lile Filimbi alipunguza kwenda kwa mama mdogo. Alijiambia ni kazi. Kazi ni mzigo mzuri sana. Chochote unaweza kukificha chini yake.

Filamu ilionyeshwa kwanza katika ukumbi wa shule ya jirani, mchana, mapazia yamebanwa kwa vibanio vya nguo. Mafundi cherehani walikaa mbele, mama mdogo katikati yao, amevaa gauni alilolishona kwa ajili hiyo. Watu walicheka palipopasa, wakaguna palipopasa. Kilipofika kile kipande, Mzito akapanda, na Filimbi, aliyekuwa nyuma kabisa, akasikia viti vya plastiki vikilia kimoja baada ya kingine. Watu walikuwa wanajisogeza. Kisha safu ya mbele mtu mmoja akasema, "Mh!"

Hakusema zaidi. Lakini kila anayejua lugha hii anajua uzito wa "mh" moja ikitolewa mahali pake. Wahenga walisema lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Hawakusema lolote juu ya linalovumishwa tu, pengine kwa sababu enzi zao hapakuwa na spika.

Baada ya taa kuwashwa mama mdogo alimkumbatia mbele ya watu. "Umepiga vizuri, mwanangu. Nilisikia mpaka mbavuni." Filimbi akamshukuru, akatazama viatu vyake.

Mambo hayakulipuka. Yangelipuka ingekuwa nafuu. Kikundi kilipata ukumbi mwingine, kidogo, nyuma ya duka la vifaa vya ujenzi, na kazi zikagawanywa upya. Mwenyekiti akamwita mama mdogo pembeni, akamshika mkono kwa mikono miwili, jambo ambalo peke yake lilitosha kumtia mtu wasiwasi, akamwambia kwamba wamemwonea huruma. Apumzike na pasi, atie vifungo. Kufunga watafunga wasichana. Wakati huohuo salamu zikaanza kubadilika. Fundi mmoja, mwanamke mwenye ulimi ambao ungeweza kukata kitambaa bila mkasi, akawa anamwamkia, "Shoga, habari za pasi?" Wengine wakicheka, yeye husema, "Jamani, nimeuliza habari tu!"

Mama mdogo alikwenda kwa Filimbi siku ya mapumziko, na mfuko wa nguo za watoto wa Filimbi alizozirekebisha. Mkewe Filimbi akamwekea chai. Waliongea ya shule, ya kikohozi, ya mwenye nyumba. Kisha akaweka kikombe chini.

"Hawajanifukuza," alisema. "Wamenipumzisha. Mtu akikufukuza unajua pa kumshika. Huyu anayekupumzisha utamshika wapi?"

"Wanakujali, mama," alisema Filimbi.

"Wananijali kama anavyojaliwa mlevi karibu na kisima." Akamgeukia. "Baba, wewe ile filamu umeitazama mara nyingi kuliko mimi. Niambie, nilisema neno gani baya? Maana mimi nimejipekua, sioni. Niambie neno nikaliombee radhi."

"Hukusema neno lolote baya."

Hilo lilikuwa kweli kabisa, na Filimbi akashangaa jinsi ukweli unavyoweza kutoka mdomoni ukiwa na ladha ya uongo.

"Basi mbona wananitazama?"

Filimbi alikoroga chai ambayo sukari yake ilishayeyuka siku nyingi.

Mama mdogo alipoondoka, mkewe hakuondoa vikombe. Alikaa akimtazama kama anavyomtazama mwanafunzi aliyeandika jibu bila njia.

"Kwa nini hukumwambia?"

"Nimwambie nini?"

"Mimi nafundisha hesabu," alisema, "lakini si kiziwi. Ile sauti ya pale, naijua. Kila asubuhi nachukua maziwa ndani yake." Akaelekeza kidevu jikoni. "Tumemhukumu mtu kwa friji."

"Muziki hauhukumu. Unatoa hisia tu."

"Hiyo ni ya Chifu. Sema yako."

Likamtoka Filimbi lile alilokuwa amelifungia. "Na kama kweli hakuzima?"

Mkewe akauliza, "Umelisikia wapi hilo?"

Alijaribu kukumbuka mtu aliyemwambia. Alipekua mmoja mmoja: wakaguzi, mafundi, majirani. Kwa kila njia aliyopita alijikuta amerudi stoo, mbele ya godoro, amevaa vipokea sauti, anajisikiliza mwenyewe.

"Naona," alisema mkewe, akakusanya vikombe.

Pengine angeishi hivyo miaka, maana dhamiri ni kama jino: linauma, linatulia, unajifunza kutafunia upande mwingine. Lililompata lilitoka kwa mwanamke aitwaye Masikio. Huyu ndiye aliyekuwa akinasa sauti katika filamu za Chifu, mtu wa maneno machache kwa kuwa kazi yake ni kungoja wengine wanyamaze. Walikuwa nyumbani kwake wakitayarisha filamu nyingine kabisa, ya mpiga picha za pasipoti, na Filimbi akalalamika kwamba chini ya maongezi kuna pikipiki.

"Shukuru ni pikipiki," alisema Masikio. "Ile ya moto nilisafisha lori mpaka nikaliota."

"Lori lipi? Sikusikia lori."

"Hukusikia kwa sababu najua kazi yangu. Lori la mchanga. Pale kwa yule mama wa pasi. Chifu anauliza swali lake, mama anataka kujibu, mara lori hilo kwenye kona, kelele kama dunia inahama. Nikainua mkono, hivi, kwamba asubiri. Nilikuwa nimewaeleza wote mwanzoni: mkiona mkono, mdomo funga. Nusu yao hawakuelewa. Yule mama, mtiifu ajabu! Akafunga mdomo palepale, akakaa analitazama dirishani mpaka limepita. Nikashusha mkono, akajibu. Chifu akasema niondoe lori, nikaondoa." Akainua mabega. "Kikabaki kimya."

Filimbi aliomba kuona. Masikio hakuwa mtu wa kufuta kitu. Akakitafuta, akakicheza na sauti yake ya asili. Swali la Chifu. Mdomo unafunguka. Kisha mngurumo, gia zikisaga, vyuma vikigongana, kioo cha dirisha kikitetema. Mdomo unafungwa. Na yale macho, yale macho yaliyokuwa yanatambaa upande hadi upande kwa hatia kuu, yanasindikiza lori la mchanga kutoka kushoto kwenda kulia, kwa makini na kwa heshima, kama mtoto aliyeambiwa asivuke barabara.

Kilikuwa kimya cha adabu. Filimbi alikuwa amekiona kimya kile maisha yake yote, ng'ambo ya meza, mama mdogo alipokuwa akimngoja amalize kupuliza kifuniko ndipo aseme la kwake.

"Vipi?" aliuliza Masikio. "Mbona umekuwa kama umeona maiti?"

"Hapana," alisema Filimbi. "Nimeona mtu mzima."

Kwa Chifu alikwenda kesho yake. Chifu alikuwa na furaha. Filamu ilikuwa imechaguliwa kuonyeshwa katika tamasha nje ya nchi, na barua ya kuichagua ilisifu hasa "ule ukimya wa kutisha katikati".

"Kuna lori pale," alisema Filimbi.

"Lilikuwepo, chifu. Tumeliondoa."

"Ulijua anangoja lori?"

Chifu alifungua mdomo, akaufunga, na kwa bahati mbaya hapakuwa na lori lolote linalopita. "Nilikuwa palepale," alisema hatimaye. "Nililiona kwa macho yangu. Lakini, chifu, nakuapia, ulipoweka ile sauti nililisahau. Nilitazama nikajisemea, kumbe huyu mama."

"Na mimi nilisema kumbe."

"Unaona? Ndiyo maana ni nzuri!"

"Nataka Mzito atoke na lori lirudi."

"Lirudi? Watu wanahangaika kuondoa malori kwenye filamu, wewe unarudisha? Hakuna mahali tulipomtaja. Hakuna aliyemwita mchoma ukumbi."

"Hakuna. Tumemkonyezea tu."

Walibishana mpaka chai ikapoa na nyingine ikapoa. Chifu alisema sanaa. Filimbi alisema mama mdogo. Chifu akasema huwezi kutengeneza filamu ukiwa na mama mdogo ndani, na Filimbi akakiri kwamba hilo alipaswa kulijua mapema. Mwishowe akasema kwamba lori lisiporudi, atauondoa muziki wake wote, wa mwanzo mpaka mwisho, na filamu iende nje uchi kama ilivyozaliwa. Chifu, aliyekuwa ameshaupenda muziki ule kama wa kushikizia, akakubali kwa uso wa mtu anayeng'olewa kitu.

Yaliyobaki yalikuwa mepesi kwa kusema na mazito kwa miguu. Filimbi alikwenda kwa mama mdogo. Chumba kilikuwa kilekile, kitanda nyuma ya pazia, cherehani chake cha miguu kando ya dirisha, nyuzi zimepangwa kwenye misumari. Alifungua kompyuta juu ya cherehani, akamwonyesha kwanza kipande chenye lori.

Mama mdogo alicheka mpaka akajifuta macho. "Eeh! Lile lori! Nilikuwa nimelisahau kabisa. Na yule binti na mkono wake juu kama askari wa barabarani. Mtazame mama yako anavyotii!"

Kisha Filimbi akamwonyesha kile walichokiona watu. Alieleza, akitazama msumari wenye uzi wa buluu: sauti ni yake yeye, ametengeneza mwenyewe, ameiweka mwenyewe, hakulazimishwa. Alikuwa amejiandaa kwa machozi au kwa kofi. Mama mdogo alisema:

"Niwekee hiyo sauti peke yake."

Akaiweka. Mama mdogo akainamisha kichwa kama mtu anayesikiliza mashine ya mwenzake ina kasoro gani.

"Hata mimi ningejishuku," alisema. "Tena nilijishuku."

"Mama…"

"Ngoja, nami niseme. Kabla ya ile siku ya pale shuleni, nilikuwa nakumbuka. Nilikuwa nauona mkono wangu huu unakwenda ukutani. Nauona waya unatoka. Hata ukuta ulikuwa na joto, nakumbuka. Toka siku ile, nikitaka kuuona mkono, inaanza hiyo." Akaelekeza kidole kwenye spika. "Inaanza hiyo, mkono unapotea. Usiku naamka nakwenda kushika waya wa pasi ya hapa nyumbani, na sijaiwasha juma zima. Wale kunitania nimewazoea. Huyu wa humu ndani ndiye aliyenishinda."

Filimbi alisema, "Nisamehe, mama," na maneno yakasikika membamba, kama jina lake.

"Na wewe uliamini?"

Angeweza kusema hapana. Maneno yalikuwepo, yamepangwa, mazuri.

"Niliamini."

"Lini?"

"Nilipomaliza kuipiga."

Mama mdogo alitikisa kichwa taratibu, bila hasira, na hapo ndipo Filimbi alipotamani hasira. "Nimekulea mimi," alisema. "Ungekuja ukaniuliza. Ungesema, mama, ulizima? Ningekujibu. Wakati ule nilikuwa na jibu."

"Lakini sasa umeona lori. Hukuwa unaficha kitu."

"Nimeliona. Lori zuri." Akaifunga kompyuta mwenyewe, kwa uangalifu, kama anavyofunga kopo la vifungo. "Ila lori halikuchomoa waya, mwanangu."

Filamu, sasa ikiwa na lori lake, ilionyeshwa palepale shuleni, na vibanio vilevile. Kabla haijaanza Filimbi alisimama mbele, mtu ambaye alichagua kazi hii ili asisimame mbele ya watu, akaeleza habari ya lori, ya mkono wa Masikio na ya friji. Alieleza vibaya, akirudiarudia, lakini walimwelewa. Lori lilipopita watu walicheka kwa sauti kubwa kuliko ilivyostahili, kicheko cha watu wanaotaka kuonekana kwamba hawakuwahi kufikiri vingine. Yule mwenye ulimi mkali alisema, "Mimi siku zote nilijua," na hakuna aliyekuwa na ujasiri wa kumpinga. Kesho yake mwenyekiti alimshika mama mdogo mkono kwa mikono miwili tena, akamrudishia pasi na zamu ya kufunga.

Aliipokea. Mafundi wakadhani yamekwisha.

Siku ya kwanza ya kufunga, Filimbi alikwenda kwenye ule ukumbi nyuma ya duka la vifaa vya ujenzi. Hakuitwa. Wenzake walikuwa wamekwishatoka, na mama mdogo alikuwa peke yake mbele ya meza, amesimama, anaitazama pasi. Alimwona, hakushangaa. Akazima swichi. Akachomoa waya, akauinua juu ili mwanga uupige, akauzungusha kiganjani.

"Imezimwa, mama," alisema Filimbi. "Waya umetoka. Nimeona kwa macho yangu."

"Wewe usinishuhudie," alijibu mama mdogo bila kugeuka. "Wewe ukitazama, unasikia mambo."

Akafunga dirisha. Lakini hakwenda mlangoni. Alivuta benchi mpaka mbele ya meza, akaketi, akatandaza kiganja karibu na bapa la pasi, akakirudisha mapajani. Filimbi akauliza kama kuna kingine kilichobaki.

"Ipoe," alisema. "Nikiweza kuushika uso wake kwa mkono mtupu, hapo hakuna wa kuniambia kitu. Hata mimi."

Filimbi alisimama karibu na mlango, hajui aweke wapi mikono.

"Nenda nyumbani," alisema mama mdogo. "Watoto wanakungoja. Hii ni ya chuma kizito, haipoi upesi."

"Nitangoja."

Hakumkatalia, wala hakumkaribisha. Baada ya kitambo alisogea kidogo kwenye benchi, labda kumpa nafasi, labda kwa sababu ubao ulikuwa unamchoma. Filimbi aliketi ukingoni, na wote wawili wakaanza kuitazama pasi.